Siku Nilipomfuta Marehemu Ilunga Kabongo

Mkiniita Mama Doublon nitaitika, nimeshazoea, na ukweli ni kwamba jina hilo nilijitafutia kwa mikono yangu miwili. Pale mtaani kwetu Katuba hata mama anayeniuzia makala ya kupikia ananiita hivyo, na yeye si Mkatoliki, hakuwepo kanisani siku ile, wala hajui doublon ni kitu gani, anajua tu kwamba nikilisikia nacheka kwa upande mmoja wa mdomo. Basi kaeni niwaeleze mwenyewe, maana wanaoeleza wengine wanatia chumvi (kuna mmoja anasema eti nilizimia, sikuzimia, nilikaa chini tu kwa sababu miguu ilikataa kazi), na aibu hii ni yangu, nani ataieleza kunishinda?

Mimi ni Clarisse. Kazi yangu iko mjini, kwenye ofisi moja ndogo ambako watu wanakuja kuchapisha barua zao, mialiko ya harusi, maombi ya kazi ya kupeleka kule Kinsevere kwenye mgodi wa shaba, na kwa sababu vidole vyangu vinajua kompyuta, parokia yetu ilinifanya sekretari. Hapo ndipo kiburi kilipoingia. Siwafichi, nilikuwa na kiburi cha kompyuta, kile cha mtu anayemtazama mwenzake akiandika kwa kalamu halafu anamwonea huruma.

Sasa, kwetu, misa ya kuwaombea marehemu mwezi wa kumi na moja ina desturi yake. Kila familia inaandikisha wafu wake kwenye shirika lake (shirika ni kile kikundi cha majirani wanaosali pamoja kila juma), halafu siku ya misa majina yote yanasomwa kwa mikrofoni, moja moja, na jina likisomwa mwenye marehemu anasimama, anakwenda mbele, anawasha mshumaa wake kwenye ule mshumaa mkubwa wa Pasaka na kuusimika kwenye sinia ya mchanga chini ya altare. Kuna watu wanaomaliza mwaka mzima bila kusikia jina la mtu wao likitajwa na mdomo wowote, na siku hiyo wanalisikia, tena kwa mikrofoni. Msidhani ni jambo dogo.

Shida ilikuwa moja. Mjane anaandikisha mume wake kwenye shirika lake, mtoto anamwandikisha baba huyohuyo kwenye shirika la mtaa wa pili, dada naye kwenye la tatu, kwa hiyo mwaka mmoja kabla ya mkasa wangu kuna papa mmoja aliyezaa watoto wengi alisomwa mara tano, na mara ya tano kwaya ilianza kumwitikia. Ndipo Padri Didier akaniita.

"Clarisse," akasema, "mwaka huu mufu moja, mara moja. Unaweza?"

"Mon père, hiyo ni kintu kidogo," nikajibu. (Kintu kidogo! Mdomo huu.)

Nikaletewa orodha tatu za mashirika matatu, ndefu, na kila mstari ulikuwa na jina la marehemu, kisha kistari, kisha jina la aliyeomba na, pengine, neno moja mawili kuhusu marehemu. Kwa mfano: Ilunga Kabongo, kistari, kwa ombi la Mama Thérèse, bibi yake (yaani mke wake). Wa reli. Nikazichapa zote. Nikaanza kuzilinganisha kwa macho, rula mkononi na biki nyekundu, nikapanda na kushuka, nikipata jina huku nimesahau nililiona wapi kule, mpaka mwenzangu wa meza ya pili pale ofisini, Fabrice, anayeniita yaya kama dada yake mkubwa, akanihurumia.

"Yaya Clarisse, juu ya nini unaumiza macho? Kuko site ya kulinganisha maliste. Unaweka moja hapa, ingine hapa, ingine hapa, unafinya, inakuonyesha yenye iko ku zote na yenye iko ku moja tu."

Akanifungulia. Ukurasa wenyewe haukuwa na urembo wowote, masanduku matatu meupe na kitufe, na chini yake kitufe kingine kimeandikwa "supprimer les doublons", yaani futa yaliyojirudia. Nikabandika orodha zangu tatu, nikafinya. Ikaniambia hakuna doublon hata moja. Hata moja! Nikacheka, nikamwambia Fabrice mashini yake haijui kusoma, yule papa wa mara tano tu peke yake yumo mara tatu.

Fabrice akainama, akatazama. "Hapana, yaya, inasoma sana, herufi kwa herufi. Kwa yeye 'kwa ombi la bibi yake' na 'kwa ombi la mutoto yake' ni bintu mbili. Kata mikia."

Mikia ndiyo ilikuwa yale majina ya waombaji. Na mimi, bila kufikiri hata muda wa kumeza mate, nikaikata. Safu nzima, tafuta na ufute, kwisha. Huo ndio uamuzi wenyewe. Mkitaka kujua aibu yangu ilizaliwa saa ngapi, ilizaliwa hapo, saa sita za mchana, na mkate mkononi.

Nikafinya tena.

Jamani. Sijui niwaelezeje. Sikuwa nimeinua kidole bado na kazi ilikuwa imeisha. Majina yote yamepangwa kwa alfabeti, safi, kila moja mara moja, na pembeni imeniandikia ni mangapi imeyafuta, na yalikuwa mengi kuliko nilivyofikiri. Nikasema "Mungu wangu" kwa sauti mpaka mteja akageuka. Mimi niliyeumia siku tatu na rula! Nilikaa naitazama ile orodha kama watu wanavyotoka nje kutazama mvua ya kwanza, nikaona kweli kuna akili kubwa duniani na leo imeniinamia mimi Clarisse wa Katuba. Tena nikaisaidia! Niliona imeacha Ngoy na Ngoie kama watu wawili, nikasema aa, hii haijui Katanga, nikawaunganisha mwenyewe kwa mkono. Nilijiona nimeifundisha kitu.

Kitu ambacho sikukifikiria, na ningekuwa mgeni wa nchi hii mngenisamehe, ni kwamba kwetu majina hayana mtu mmoja. Mtoto anapewa jina la babu, binamu naye la babu huyohuyo, jirani anampa mtoto wake jina la rafiki yake, na akina Ilunga peke yao ukiwaita sokoni watageuka mstari mzima. Nalijua hilo tangu kuzaliwa. Mimi mwenyewe nina shemeji watatu wa jina moja. Lakini mbele ya ile mashini nililisahau.

Siku ya misa ilikuwa Jumamosi asubuhi, mvua imenyesha, udongo mwekundu umeshika viatu vya kila mtu, kanisa limejaa mpaka mlangoni. Nami niko mbele kwenye mimbari, pagne mpya ya kitenge, karatasi zangu mbili tu zilizochapwa vizuri (mwaka uliotangulia zilikuwa daftari tatu), na mikrofoni ile isiyo na waya.

Kwenye benchi la kwanza alikaa Mama Thérèse, jirani yangu, mjane wa Ilunga Kabongo aliyefanya kazi ya reli. Waliishi pamoja miaka arobaini. Siku ile alikuwa anamaliza mwaka wa matanga: baada ya misa familia ya mume ingemvua nguo nyeusi, na mkubwa wao angesema mbele ya watu kwamba mwanamke huyu alimtunza ndugu yetu na amemlilia vizuri. Kwetu neno hilo mjane analisubiri mwaka mzima, maana bila hilo unabaki na nyeusi moyoni hata ukivaa nyeupe. Na mkubwa wa kusema alikuwa Mama Jeannette, dada wa marehemu, mwanamke mwenye sauti ambayo haikuumbwa kwa kunong'ona, aliyeketi benchi la nyuma yake akimtazama kisogo.

Nikaanza kusoma. Herufi ya kwanza ilienda vizuri. Nikafika kwenye jina fulani, wakasimama wanaume wawili, wakatazamana, wakapeana mkono, wakaenda wote. Nikasema moyoni ni ndugu. Jina lingine, wakasimama watatu. Minong'ono ikaanza. Nikaona watu hawa hawajui utaratibu, nikapandisha sauti.

"Ilunga Kabongo."

Mama Thérèse akainuka taratibu na nyeusi yake, mshumaa mkononi, akaenda, akawasha. Na upande wa kushoto, upande wa kwaya, akainuka mwanamke mwingine, kijana, mzuri, pagne imekatwa na fundi anayejua, na watoto wawili wameshika sketi yake. Yeye naye ana mshumaa. Yeye naye anakuja.

Wakakutana mbele ya sinia ya mchanga. Wakasimama. Na Mama Jeannette akasema, kwa ile sauti yake:

"Eeh! Njo ule!" Yaani, ndiye yule.

Mimi bado sijaelewa. Ilibidi nisikie kutoka benchi la akina mama, neno likitembea kutoka mdomo hadi mdomo, deuxième bureau, deuxième bureau (ndivyo tunavyomwita mwanamke wa pembeni, yule ambaye mume anasema amechelewa ofisini kumbe ofisi yenyewe ina kitanda), ndipo nikaelewa. Na kana kwamba haitoshi, kutoka nyuma akaja papa mmoja wa makamo, kofia kifuani, mshumaa mkononi, mpole kabisa, akasimama nyuma ya wale wanawake wawili kusubiri zamu yake.

"Na mutoto ya inje pia!" akasema Mama Jeannette. "Mukubwa vile! Kaka yangu alianza zamani!"

Watu wakacheka. Ndani ya misa ya wafu, watu wakacheka. Baadaye niliambiwa kwamba habari ilipofika benchi la kumi marehemu alikuwa na nyumba ya pili, na ilipofika mlangoni nyumba ilikuwa Likasi, ya matofali, na ina umeme.

Ningenyamaza hapo Padri angepata la kufanya. Lakini mimi ni sekretari, mimi ndiye mwenye mikrofoni, nikataka kutengeneza. Nikasema, na maneno haya mpaka leo yananiamsha usingizini:

"Bandugu, musisumbuke. Ilunga Kabongo ni doublon."

Mimi nilitaka kusema jina limejirudia. Kanisa lilisikia marehemu alikuwa mara mbili, huku na huku. Kicheko kikapasuka kama sahani. Mama Jeannette akapiga makofi mara moja, pa! "Munasikia? Hata sekretari anajua!" Na mimi, badala ya kumeza ulimi, nikaongeza kwamba yule wa kwanza ndiye aliyebaki na wengine nimewafuta. Padri Didier akajishika paji la uso. (Namwelewa. Hata mimi ningejishika.)

Mama Thérèse hakucheka. Alimtazama yule kijana, akatazama wale watoto wawili, akawatazama sana, kama anatafuta pua ya mtu kwenye nyuso zao. Halafu akainua mshumaa wake usawa wa mdomo, akaupuliza, ukazimika. Akauweka ndani ya mfuko wake, akageuka, akatembea katikati ya kanisa mpaka mlangoni, akatoka. Kicheko kilikufa chenyewe, benchi kwa benchi, kadiri alivyopita.

Nikamkimbilia. Sikuwaza chochote, nilishuka mimbarini na viatu vyangu vya visigino, nikapita wote, nyuma yangu nasikia Padri anaiomba kwaya iimbe kitu, chochote. Nikamkuta barazani, pale watu wanapoacha miavuli, amesimama anatazama matope.

"Mama," nikasema, "Mama, pardon."

"Clarisse, uniambie ukweli. Ule mwanamuke, alijuana na bwana yangu tangu wakati gani?"

"Mama, ule mwanamuke mi simujui hata."

"Umesema iko doublon. Mbele ya bantu bote." Hakuwa na hasira, na hilo ndilo lililoniumiza. "Kila siku ya ine, saa kumi, alikuwa anatoka. Ananiambia anaenda kucheza dame na bazee wenzake ya reli. Miaka yote, siku ya ine, saa kumi. Mi sikuuliza hata mara moja, mi namupikia, namungojea. Sasa nimeona ile batoto. Mukubwa iko na masikio kama yake, hapana?"

Mtoto yule hakuwa na masikio ya mtu yeyote, alikuwa na masikio tu. Lakini nilimwona Mama Thérèse anaanza kuipanga upya miaka arobaini, Alhamisi moja baada ya nyingine (ndiyo siku ya ine, na dame ni drafti), anazitoa na kuzitazama, na mimi ndiye niliyemfungulia sanduku. Nikatoa simu. Zile orodha za kwanza, zenye mikia, bado nilikuwa nazo humo. Vidole vyangu vinavyojua kompyuta havikuweza kuandika "Ilunga" bila kukosea.

"Mama, ngoja. Mi njo mubaya, haiko bwana yako. Kulikuwa majina ya bantu benye kuomba, benye kulia, pembeni ya kila mufu. Mi niliikata. Nilibafuta bote, juu mashini isiniambie hapana. Bafu benye jina moja bakabaki muntu moja."

Hapo nikasikia kitu cha ajabu. Ndani ya kanisa kulikuwa na mwanamke anayesema maneno yangu, kwa kuchelewa kidogo tu. "...bakabaki muntu moja." Nikadhani kuna mtu ananidhihaki. Nikanyamaza, naye akanyamaza. Nikatazama mkono wangu wa kushoto: mikrofoni. Taa yake ya kijani inawaka. Kwaya haikuwa imeimba chochote, ilikuwa inatusikiliza, pamoja na parokia nzima.

Sasa ningefanya nini? Ningeizima, na Mama Thérèse angebaki peke yake kuamini, na wale ndani wangebaki na nyumba ya Likasi. Nikaiacha. Nikasoma, sauti yangu inanifuata kutoka ndani.

"Ilunga Kabongo, kwa ombi la Mama Thérèse, bibi yake. Wa reli.

"Ilunga Kabongo, kwa ombi la Julie, bibi yake. Mujengaji. Alianguka ku kazi, wakati mutoto ya pili haijazaliwa.

"Ilunga Kabongo, kwa ombi la Papa Sylvain, mutoto yake. Alikuwa mwalimu."

Mama Thérèse alikuwa amenishika mkono wenye simu. "Inatosha," akasema. "Nimesikia. Inatosha, mwanangu." Angekuwa amenisamehe pale pale. Lakini macho yangu yalikuwa yameshaukuta mstari wa nne, kwenye orodha ya shirika la mbali kabisa, lile la ng'ambo ya reli, na mdomo wangu (nimeshawaambia kuhusu mdomo huu) ukausoma kabla sijauelewa.

"Ilunga Kabongo, kwa ombi la Mama Jeannette, mama yake. Siku ine."

Siku nne si tarehe. Ni umri.

Mama Thérèse akaniachia mkono. Akasema polepole, nayo ikaingia kanisani yote: "Ule mutoto. Alimupa jina ya kaka yake juu ya mapendo. Tulimuzika asubui, mvua inanyesha, wanaume wawili tu na mi. Tangu ile siku hakumutaja, na sisi hatukumutaja. Mi nilizania amemusahau."

Nikaizima mikrofoni. Nimechelewa, najua. Jina mwanamke yule alitaka lisomwe, ila bila majirani kujua ni la nani, ndiyo maana alilipeleka shirika la mbali. Lakini ule mkia haukuwa wa kusomwa, ulikuwa wa kujua tu. Kwanza nilikuwa nimeufuta, sasa nimeutangaza kwa spika nne. Hapo ndipo nilipokaa chini. Si kuzimia. Kukaa.

Mama Thérèse hakunisubiri. Alirudi ndani, nami nikajikokota nyuma yake. Ndani unasikia matone yanadondoka kutoka bati. Julie alikuwa bado amesimama mbele, amefunika uso na ncha ya pagne yake. Mama Jeannette ameinama benchini, na mkononi mwake kulikuwa na mshumaa mdogo, mpya, haujaguswa na moto. Alikuwa anasubiri. Niliposoma jina mara moja tu, akamwona mgeni anakuja kulichukua, alipiga kelele kwa ajili ya kaka yake, na kumbe huku nyuma alikuwa anasubiri jina lilelile lisomwe tena, na lisingesomwa kamwe, kwa sababu mimi na mashini tulishalifuta.

Padri Didier akaniambia, bila mikrofoni, "Clarisse, soma tena. Pole pole."

Nikapanda. Karatasi zangu mbili safi nikaziweka chini, nikashika simu.

"Ilunga Kabongo." Akaenda Mama Thérèse, akatoa mshumaa wake mfukoni, akauwasha.

"Ilunga Kabongo." Akaenda Julie na watoto wake wawili, na yule mdogo ndiye aliyeusimika.

"Ilunga Kabongo." Akaenda Papa Sylvain na kofia yake.

"Ilunga Kabongo."

Mama Jeannette hakuweza kuinuka. Mama Thérèse akamfuata, akampitishia mkono kiunoni, akamnyanyua kama anavyonyanyuliwa mgonjwa, wakatembea wote wawili mpaka kwenye mshumaa mkubwa, na mkono wake ulishikwa na mkono wa mwenzake mpaka utambi ukashika moto.

Jina lilelile mara nne, kwa sauti ileile, yangu, na kila mara alikuwa mtu mwingine kabisa: mzee, kijana, mwalimu, na mtoto wa siku nne ambaye hata hakuwahi kuitikia alipoitwa. Nimechapa majina ya watu miaka kumi na mbili, maelfu, na siku ile ndipo nilipojua ninachochapa. Niliogopa, nawaambia ukweli, niliogopa kama mtu aliyeshika waya wenye umeme. Mishumaa minne imesimama kwenye mchanga karibu karibu, na mimi nilikuwa nimesema ni mmoja.

Basi orodha yote ikabidi isomwe upya kutoka kwenye simu, na akina Ngoy na akina Ngoie kila mtu kwa herufi zake. Yule papa wa watoto wengi akasomwa mara tatu, na safari hii hakuna aliyecheka. Misa ilipita saa saba na hakuna aliyetoka. Mlangoni ndipo yaliponikuta, mtu wa kwanza kunipa mkono akaniambia "Asante, Mama Doublon," na jina likaruka ukuta likaenda mtaani kabla yangu. Julie akamshika Mama Thérèse bega akasema, "Mama, mi njo deuxième bureau yenu," wakacheka mpaka wakafuta machozi.

Mchana nilikwenda kwenye kuvua nyeusi, nikakaa karibu na mlango ili nikifukuzwa njia iwe fupi. Mama Jeannette akasimama mbele ya watu na, kwa mara ya kwanza tangu nimjue, ilibidi tusogee ili tumsikie. Akasema, "Ule mwanamuke alitunza kaka yangu. Alimulia muzuri." Akakwama. "Na mutoto yangu, alimulia. Mi sikujua." Akaketi. Na mzee mmoja wa reli aliyekuja na wenzake akaona ni zamu yake, akasimama akasema wao wanamdai marehemu mchezo mmoja, maana kila siku ya ine alikuwa anashindwa kwenye dame na kila siku ya ine alikuwa anaahidi kwamba juma lijalo atawashinda, na aliwaapisha wasimwambie bibi yake hata siku moja kwamba hajui kucheza.

Watu wakacheka sana. Mama Thérèse naye alicheka, lakini macho yake yalikuwa kwangu. Akaniita jikoni.

"Clarisse, mi sikukasirikii," akasema. "Lakini unajua kintu umenifanya? Miaka makumi ine, sikumushuku hata siku moja. Hata moja. Leo, dakika kumi, nilimushuku. Pale inje, na ile matope, nilisema moyoni: kumbe. Alikuwa anacheza dame, anashindwa, na mi niko nasema kumbe." Akajifuta mikono kwenye pagne yake nyeupe. "Ile dakika kumi mi sina nguvu ya kumuambia bwana yangu. We njo utaniombea."

Imepita miaka mitatu. Ile site bado naitumia ofisini, kwa maliste ya mbao na ya misumari, na kila nikifinya bado nashangaa kwa kasi yake. Lakini majina ya watu siipi tena, wafu wala wazima, na wa mashirika yote wanajua kwamba nikiona majina mawili yanafanana nitapanda hadi nyumbani kwao kwa miguu kuuliza: huyu analiliwa na nani? Orodha ya parokia naiandika kwa mkono wangu, na mkia wa kila mtu uko mahali pake, kwa macho yangu tu na ya Padri. Mwaka huu aliipitia kabla ya misa, akaweka kidole chini ya Ilunga Kabongo wa reli, akaniuliza kuna mstari mmoja hapa hauelewi, hauna marehemu, umeandikwa "dakika kumi, kwa ombi la Clarisse", je, ni kosa, aufute?

Nikamwambia, hapana, mon père. Uache.